Maneno ya KI- na Orodha Niliyoiandika

Na mwanafunzi wa Kidato cha Sita

Kaka zetu mliokwisha ondoka shuleni hapa, naomba nafasi katika kurasa hizi za Kiswahili niseme habari ya jambo ambalo mimi mwenyewe nililikosea. Wanafunzi waliopo wanaijua orodha ya maneno yaliyokatazwa iliyobandikwa nje ya mlango wa maktaba. Ninyi mliotoka zamani hamjaiona, kwani ina umri wa miaka miwili tu. Orodha hiyo niliiandika mimi kwa mkono wangu, nilipokuwa Kidato cha Nne na katibu wa Chama cha Kiswahili. Nia yetu ilikuwa njema. Tuliazimia kuyafukuza katika shule yetu maneno yote ya barabarani, na kila atakayesikiwa akiyasema afagie maktaba siku ya Jumamosi.

Tuliyapanga maneno kwa alfabeti kama ilivyo kamusi. Herufi za mwanzo hazikutupa shida. Lakini tulipofika K, na hasa silabi KI, karatasi haikutosha. Kibao, kigogo, kijiwe, kilaza, kimeo, kipanga, kipanya, kitimoto, na mengine mengi. Ikanibidi kuunganisha karatasi ya pili kwa gundi. Mwenzangu mmoja alicheka akasema kwamba wahuni wanapenda KI kuliko herufi zote. Nilicheka pamoja naye, wala sikujiuliza kwa nini iwe hivyo.

Yafaa niseme kwanza kwa nini tulifanya vile, maana sisi si wajinga wala si wakali bure. Katika nchi yetu ya Uganda Kiswahili kimebeba jina baya kwa miaka mingi. Mwaka 1973 serikali ya Idi Amin ilitangaza kuwa ni lugha ya taifa, na wazee wengi wa huku walikisikia kwanza kinywani mwa askari mwenye bunduki. Bibi yangu mpaka leo akisikia mtu abisha hodi kwa Kiswahili hunyamaza kwanza. Ni kweli kwamba tangu mwaka 2005 Katiba imekitambua kuwa lugha rasmi ya pili, na mwaka 2022 Baraza la Mawaziri lilikubali kifundishwe kwa lazima mashuleni. Lakini katiba ni jambo moja, na moyo wa bibi ni jambo lingine. Sisi wa Chama tulitaka Kiswahili kivae nguo safi, ili mtu akikisikia asifikiri habari za wezi na askari. Kwa hiyo tukashika ufagio.

Sasa nieleze kilichotokea. Mwaka ule ule aliingia Kidato cha Kwanza kijana mmoja kutoka mpakani. Jina lake sitalitaja, ingawa amenipa ruhusa. Baba yake ni utingo wa malori, na mama yake auza chakula karibu na mahali malori yanapopanga foleni. Katika shule nzima, nadhani, yeye peke yake ndiye aliyenyonya Kiswahili pamoja na maziwa ya mama. Sisi wengine tulikipata kwa chaki. Wiki yake ya kwanza alifagia maktaba. Wiki ya pili akafagia tena. Wiki ya tatu hakufagia, na viranja walijisifu kwamba dawa imefanya kazi. Kumbe hakuwa amejifunza maneno mapya. Alikuwa amenyamaza tu. Darasani akiulizwa swali alijibu ‘ndiyo’ na ‘hapana’. Basi sisi wenye vitabu tulikuwa tumemfunga mdomo mwenye lugha.

Jambo hili sikuliona mpaka likizo ndefu iliyopita. Mjomba wangu alinituma Busia nikamhesabie magunia ya mahindi. Nikakutana na dereva Mtanzania aliyetoka Mwanza kwa njia ya Sirari na Kisumu, na tukakaa kula mahali pamoja. Walikuwa wakibishana juu ya bei ya magunia, na mimi nikaitaja jumla pale pale kabla mwenye kalamu hajamaliza kuandika. Yule dereva akanipiga begani akasema, ‘Dogo, wewe kipanga kweli kweli!’

Nilikasirika. Nilijua kipanga ni ndege jamii ya mwewe, ambaye kwetu hunyakua vifaranga uani. Nikasimama nikamjibu, ‘Mzee, mimi sijaiba kitu cha mtu.’ Watu wote wakaangua kicheko. Ndipo nikasikia sauti nyuma yangu ikisema kwa utaratibu, ‘Kaka, amekusifu. Kwao mwanafunzi hodari huitwa kipanga.’ Nikageuka, nikamwona yule kijana wetu ameshika sahani mbili. Sikuwa nimeitambua sauti yake, maana kwa miaka miwili sikuwahi kuisikia ikisema sentensi nzima. Halafu akaongeza, bila kiburi, ‘Limo katika orodha yako, karatasi ya pili.’

Ndugu zangu, ilikuwa kweli. Niliandika neno kipanga katika orodha kwa kuambiwa tu kwamba ni la wahuni. Maana yake sikuuliza. Nilikuwa nimewapiga marufuku wenzangu wasitumie neno ambalo mimi katibu sikulijua, na neno lenyewe ni sifa njema kwa mwanafunzi!

Kijana yule alikaa nami mpaka jioni mama yake alipofunga jiko. Nilimwuliza kama atachukua Kiswahili katika masomo ya kuchagua ya Kidato cha Tatu. Akasema hapana, amechagua kilimo. Nilipomwuliza sababu alisema, ‘Kiswahili chenu sikijui.’ Sentensi hiyo ndiyo iliyonifanya nishike kalamu.

Tuliporudi shuleni nilikwenda maktaba, nikakaa na kamusi zetu kwa majuma kadhaa, nikisoma kurasa za KI tu. Nilitaka kuona maneno ya heshima yametoka wapi. Niliyoyaona yalinishangaza, na nitawasimulia machache.

Chukua kibarua. Hakuna mwalimu atakayetia alama nyekundu chini ya neno hili. Limo katika kila kitabu. Lakini kibarua maana yake ya asili ni barua ndogo. Watu wa Unguja walioajiriwa kwa kazi za kutwa walipewa kikaratasi cha kuonyesha kazi yao, na mwishowe mtu mwenyewe akaitwa kwa jina la kile kikaratasi. Hebu fikiri Chama chetu kingekuwapo Unguja siku zile! Bila shaka tungebandika tangazo: ‘Mtu si barua. Atakayemwita mtu kibarua atafagia.’

Ama kidato. Mimi najigamba kuwa mtu wa Kidato cha Sita, na nimeandika hivyo juu ya makala hii. Kumbe kidato ni ile tojo inayokatwa katika shina la mnazi ili mkwezi apate pa kukanyagia. Mtu fulani aliona wanafunzi wakipanda mwaka baada ya mwaka, akakumbuka mnazi. Nampenda mtu huyo, ingawa jina lake halijulikani. Na kiranja? Viranja wetu waliokuwa wakiandika majina ya wakosaji wajue kwamba neno lao lina historia ya jandoni. Kiranja ni yule kijana wa kwanza kutahiriwa, anayewatangulia wenzake. Sitasema zaidi, maana kiranja mkuu ni rafiki yangu na atasoma gazeti hili.

Kitabu chenyewe ni mgeni. Katika Kiarabu KI ya kitabu si kiambishi hata kidogo, ni sehemu ya neno lenyewe, na wingi wake wao husema kutub. Waswahili wakaisikia ile KI mwanzoni, wakaifananisha na kiti na kisu, wakasema vitabu bila kumwomba mtu ruhusa. Leo madereva wa Tanzania wameyasikia maneno mawili ya Kiingereza yaliyokuwa yakiandikwa kwenye njia panda za mviringo, kwamba gari lishike kushoto, nao wakaunda neno kipilefti, na wingi wake vipilefti. Tulicheka sana tulipoliandika katika orodha. Lakini niambieni, kipilefti kimekosa nini ambacho kitabu hakikukosa? Vyote viwili vimepita mlango mmoja. Tofauti yao ni kwamba kimoja kilipita zamani sana, na sisi hatukuwapo kukicheka.

Jambo lililonigusa zaidi ni hili. Tulikuwa tukifundishwa kwamba lugha ya barabarani haina sarufi. Sasa sikilizeni vizuri. Mtu akisema ‘kiboko amezama’, ni mnyama wa mtoni. Akisema ‘kiboko kimekatika’, ni fimbo au mjeledi, ambao zamani ulitengenezwa kwa ngozi ya mnyama huyo. (Huku kwetu neno hilo la pili tunalijua vizuri zaidi kuliko la kwanza, ingawa sheria ya mwaka 2016 imekataza wanafunzi wasichapwe.) Na akisema ‘fulani ni kiboko’, anamsifu kwamba hana mshindani. Kifaru amekunywa maji. Kifaru kimekwama matopeni. Cha pili ni gari la vita la chuma, wala huhitaji kuuliza. Kigogo kimeoza, basi ni gogo dogo. Kigogo amejiuzulu, basi ni bwana mkubwa wa serikali. Kibarua amechelewa, ni mtu. Kibarua kimeota nyasi, ndiyo kazi imekwisha, na mwenye nayo yuko nyumbani.

Yule dereva wa Mwanza hakufundishwa habari ya ngeli darasani, lakini hakosei hata mara moja. Mtu akipewa jina la kitu, sarufi humfuata kama mtu. Mnyama akipewa kazi ya chombo, sarufi humgeuza kuwa chombo. Mimi niliyepata alama za juu katika mtihani wa ngeli nilihitaji majuma matatu ya maktaba kulitambua jambo hilo. Na hapo nikapata pia jibu la swali ambalo sikulijali siku ile tulipogundisha karatasi. Watu wanapenda KI kwa sababu KI yafanya kazi nyingi. Hupunguza, kama kijiwe na kipanya. Hudharau, kama kijitu. Hutaja lugha na desturi, kama Kiganda na kizungu. Na mara nyingine hupunguza kwa kejeli hata kikatokea kikubwa, kama huyo kigogo. Chombo chenye makali manne lazima kitumike sana.

Kijiwe, nililolitaja sasa hivi, ni jiwe dogo, na kwa vijana wa mijini Tanzania ni mahali wanapokutana kuzungumza na kungojea kazi. Baba mmoja akisikia mwanawe yuko kijiweni atahuzunika. Fundi asiye na kazi akisikia kijiwe fulani kina habari za kazi atafurahi. Nani atatuandikia maana ya neno hilo kamili, ikiwa tumelifunga nje ya mlango?

Kuna wenzangu watakaonijibu kwamba kamusi ni kamusi na barabara ni barabara. Nawauliza kwa heshima, kamusi zilitoka wapi? Shule yetu ni ya misheni, basi tuwakumbuke wamisionari walioziandika. Ludwig Krapf alifika Mombasa mwaka 1844, na kamusi yake ikachapishwa mwaka 1882, yeye akiwa amekwisha fariki. Madan wa misheni ya Unguja alitoa yake mwaka 1903. Padre Sacleux alitoa yake ya Kifaransa mwaka 1939, mwaka ule ule ilipotoka kamusi ya Johnson iliyojengwa juu ya kazi ya Madan. Watu hawa hawakukuta kamusi mezani. Iliwapasa kuuliza watu na kusikiliza wanavyosema, kisha kuandika. Hata Kiswahili tunachokiita sanifu kilichaguliwa katika mkutano wa Mombasa mwaka 1928, na kilichochaguliwa kuwa msingi wake ni Kiunguja, yaani mazungumzo ya watu wa mji mmoja wenye bandari, soko na mabaharia. Sisi tuliwageuza watu hawa kuwa polisi, hali wao walikuwa wasikilizaji.

Hata hivyo sisemi milango yote iwe wazi. Mwanafunzi akiandika katika karatasi ya mtihani kwamba simu ya mhusika ilikuwa kimeo, akinyimwa alama asinililie. Kimeo katika kamusi ni kile kinyama kinachoning'inia kooni, na maana ya kitu kibovu chenye kuleta matata bado ni changa. Kamusi ina haki ya kwenda polepole. Maneno mengine hufa kabla kalamu haijakauka, na sipendi kununua kamusi mpya kila Krismasi. Tena kila neno lina mahali pake. Barua ya kuomba kazi si kijiwe.

Na liko neno moja ambalo nimekubali lisitoke kinywani mwangu, yaani kilaza. Wenzetu wa Tanzania humwita hivyo mwanafunzi mzito wa kufahamu. Mwaka 2016 Rais John Magufuli aliwaita vilaza baadhi ya wanafunzi waliokuwa wameondolewa katika Chuo Kikuu cha Dodoma, na neno hilo lilivuma mpaka huku kwetu. Hapo KI yafanya ile kazi yake ya kudharau. Lakini angalieni: silikatai kwa sababu ni la barabarani. Nalikataa kwa sababu linaumiza, na neno ‘mpumbavu’, ambalo limo katika kila kamusi, nalikataa kwa sababu ile ile. Katika orodha yangu neno ‘mpumbavu’ halikuwamo! Kijana aliyemwita mwenzake mpumbavu alikwenda zake mpirani, na aliyemwita mwenzake kipanga alifagia.

Liko pia neno ambalo mwanafunzi lazima alijue, alitumie au asilitumie. Kitimoto, kwa kamusi, ni kiti chenye moto, na watu husema hivyo kwa mtu aliyewekwa mbele kuulizwa maswali makali. Lakini katika vibanda vya chakula vya Tanzania ni nyama ya nguruwe. Tunao wenzetu Waislamu katika shule hii, na wengine watakwenda vyuo vya Dar es Salaam na Dodoma. Tukiwaficha neno hili kwa kuwa ni la mtaani, mmoja wao aweza kuagiza sahani kwa kutojua. Vivyo hivyo mgeni Kenya akiombwa ‘kitu kidogo’ na mtu mwenye mamlaka, kamusi itamwambia atafute kitu kisicho kikubwa, hali anaombwa rushwa. Na akisikia wazee wa huko wakisema kipande, ajue si kipande cha mkate tu. Ndilo jina la cheti ambacho, kuanzia mwaka 1920, serikali ya wakoloni iliwalazimisha wanaume Waafrika kukichukua, wakakivaa shingoni ndani ya kikopo cha bati. Anayejua maana ya kamusi peke yake amejua nusu ya uchungu wa neno hilo.

Basi nimefanya nini? Juma lililopita, kwa idhini ya mwalimu wetu wa Kiswahili, niliibandua orodha. Wengine katika Chama hawakupendezwa. Mmoja aliniambia kwamba nimeugeuza mlango wa maktaba kuwa kituo cha malori. Mahali pake tumeweka daftari lililofungwa kwa kamba. Kila ukurasa una mistari mitatu: neno, maana iliyo katika kamusi, na maana iliyosikiwa, pamoja na mahali iliposikiwa na kazi ya aliyelisema. Tumeanza na KI, maana huko ndiko kulikokuwa na deni.

Yule kijana bado yuko katika kilimo. Nilimwomba aje awe mhariri wa daftari, akasema atafikiri. Jumanne niliona ukurasa wa tatu umeandikwa kwa mwandiko wake. Alikuwa amerekebisha maana yangu ya kibao. Mimi niliandika kwamba ni ubao mdogo na pia kofi. Yeye akaongeza chini yake ‘wimbo mpya unaopendwa’, na tena ‘wengi, kama watu kibao’, na mwisho akaandika mahali: ‘Kwa mama’.

Kaka zetu mlio Nairobi, Kisumu, Mwanza, Dar es Salaam, Goma na Bujumbura, tunawaomba mtuletee maneno. Si lazima yawe mengi. Andikeni neno, mahali, na kazi ya mtu aliyelisema, mkatume kwa Chama cha Kiswahili kwa anwani ya shule. Yanayoanza na KI yatangulie. Tutakwenda silabi nyingine muhula ujao, daftari likijaa.